Mwaka Huu Hatupandi Basi Kwenda Kuwatazama Yatima





Kwaresima inakaribia, na kama ilivyo desturi yetu, meza yangu imeanza kupokea barua. WAWATA wanaomba idhini ya kukusanya michango ili wakawatembelee watoto yatima. VIWAWA wanaomba vivyo hivyo. Kwaya nayo imekwisha kupatana bei na mwenye basi. Barua zote zimeandikwa kwa adabu, zimetaja matendo ya huruma, na zimeambatanishwa na orodha: sukari, mchele, sabuni, mafuta ya kupikia, biskuti. Mwaka jana nilizitia sahihi barua za namna hii zote, nami nikapanda basi pamoja nanyi. Mwaka huu sitatia sahihi hata moja.

Najua neno hili litawaudhi wengi. Wapo watakaosema kwamba paroko amekuwa mgumu wa moyo, na wapo watakaouliza ni padre gani huyu anayewazuia watu kutenda mema. Naomba mnisome hadi mwisho kabla ya kunihukumu. Na kwa kuwa anayewakemea wengine hana budi kuanza na nafsi yake, naanza na kosa langu mwenyewe.

Miaka mitano iliyopita alinijia bibi mmoja, amemshika mkono mjukuu wake wa miaka sita. Mama wa mtoto alikuwa amefariki. Baba yake alikuwa utingo wa lori, akavuka mpaka siku moja na hajarudi. Nilimwamkia bibi, nikamketisha, nikamwuliza shida yake. Shida yake ilikuwa ndogo, na ninaikumbuka neno kwa neno: sare ya shule, jozi ya viatu, na msaada wa unga hadi mavuno. Hakuomba zaidi ya hapo. Hakusema kwamba amechoka na mtoto. Hakusema kwamba hamtaki.

Mimi nilimpa nini? Nilimpa barua. Nilichukua karatasi yenye mhuri wa parokia, nikaandika kwa kituo kimoja cha mjini nikiwaomba wampokee mtoto huyu yatima. Nilimweleza bibi kwamba kule atasoma vizuri, atakula mara tatu kwa siku, atalala kitandani ndani ya chandarua. Bibi alininyamazia kwa muda mrefu, kisha akasema, "Wewe ndiye baba, wewe ndiye unayejua." Nilidhani ananishukuru. Leo natambua kwamba alikuwa ananitii, na kutii si kushukuru.

Mwaka jana, mwezi wa Novemba, bibi aliweka akiba ya nauli, akaenda kumwona mjukuu wake. Aliporudi alikuja ofisini. Aliniambia kwamba mtoto alipoitwa alifika mbele yake akasimama wima, akaunganisha mikono kifuani, akamwimbia wimbo wa kukaribisha wageni. Alipomaliza kuimba akamwuliza, "Umetuletea nini?" Bibi akamsemesha Kidigo, lugha aliyomlea nayo, na mtoto akacheka kwa sababu hakuielewa.

Wapendwa, sijalala vizuri tangu siku ile. Kituo kile sina neno nacho; mtoto alikuwa safi, ameshiba, na anajua kusoma. Neno langu liko juu ya barua yangu. Na liko juu ya mabasi yetu, maana ni sisi wageni wa Kwaresima, wageni wa Noeli na wageni wa harusi tuliomfundisha mtoto yule kwamba kila mtu mzima aingiaye mlangoni ni mgeni, kwamba mgeni huimbiwa, na kwamba baada ya wimbo hutolewa biskuti. Hata bibi yake mzazi alipoingia, mtoto alitumia somo tulilomfundisha.

Tujiulize kwanza swali ambalo barua zenu haziliulizi: watoto hawa ni watoto wa nani? Sisi husema "yatima", na neno hilo linatufunga macho. Ndugu zetu Waislamu, ambao ndio wengi katika pwani hii, wanalitumia neno hili kwa uangalifu kuliko sisi. Kwao yatima ni mtoto ambaye baba yake amefariki kabla hajabaleghe, maana yake mama yake aweza kuwa hai, na wajibu wa ukoo mzima juu yake unaanzia hapo. Sisi tumelichukua neno hilo tukalifanya limaanishe mtoto asiye na mtu. Jambo hilo si kweli kwa walio wengi. Shirika la Save the Children liliandika mwaka 2009 kwamba angalau watoto wanne katika kila watano wanaoishi katika vituo duniani wana mzazi mmoja au wote wawili walio hai. Ukiwaongeza wale wenye bibi, babu, shangazi na mjomba, utabaki na wangapi?

Tena ukae Horohoro ndipo uulize swali hili! Sisi ni watu wa mpakani. Wadigo wako huku Mkinga na wako kule Kwale. Msiba ukitokea upande mmoja, matanga huhudhuriwa na pande zote mbili. Mpaka ni wa serikali, ukoo haujui geti la forodha. Na katika mila ya Kidigo, ambayo ilifuata ukoo wa mama tangu kale, mjomba hakuwa mtu wa kupelekewa salamu tu. Alikuwa na haki na wajibu juu ya watoto wa dada yake. Je, mimi nilipoandika ile barua, nilimtafuta mjomba? Sikumtafuta. Nilivuka barabara kwenda Lunga Lunga kuulizia ndugu wa baba? Sikuvuka. Ilinichukua robo saa kuandika barua, na kutafuta ukoo kungenichukua majuma mawili. Hiyo ndiyo sababu ya kweli, na nyingine zote ni mapambo.

Mtaniambia, "Lakini Padre, Mtume Yakobo ametuagiza kuwatembelea yatima." Naam, katika sura ya kwanza ya waraka wake Yakobo ameweka yatima na wajane katika kiini cha dini iliyo safi mbele za Mungu. Lakini angalieni mambo mawili. La kwanza, amewataja yatima pamoja na wajane kwa pumzi moja, kwa sababu mara nyingi walikuwa nyumba moja: mama na watoto wake. Hakufikiri kwamba siku moja tungemwacha mjane kijijini na kumpeleka mtoto mjini, kisha tukapanda basi kumtazama mtoto na kumsahau mama yake. La pili, neno la Kigiriki alilolitumia halina maana ya kwenda kuangalia na kurudi. Ni neno lile lile alilolitumia Luka pale Zakaria alipoimba kwamba Mungu amewajia watu wake na kuwakomboa. Ndugu yake ni neno episkopos, yaani mwangalizi, ambalo kutoka kwake tumepata "askofu". Kumwendea yatima ni kubeba dhamana yake na kubaki nayo. Mungu alipowajia watu wake hakupiga picha nao akarudi mbinguni saa kumi jioni.

Na kwa kuwa nimetaja picha, niseme wazi. Tunawapanga watoto mbele ya magunia. Tunawapa sabuni mkononi ili ionekane. Jioni ile ile nyuso zao zinazunguka katika simu za watu wasiowajua, pamoja na maneno ya kusifu ukarimu wetu. Nani kati yenu angekubali kundi la watu liingie nyumbani kwake Jumapili, limpange mwanawe mbele ya kilo tano za unga na kuutangazia ulimwengu kwamba mtoto huyu ni maskini? Tusingekubali kwa watoto wetu hata saa moja. Kwa hawa tumekubali kila mwaka, na tumeita huruma.

Wengine wenu ni wasomi wa historia ya Kanisa, nanyi mtanikumbusha Bagamoyo. Vizuri, twende Bagamoyo. Mapadre wa Shirika la Roho Mtakatifu walifika Zanzibar mwaka 1863, na mwaka 1868 wakafungua misheni Bagamoyo. Walikomboa watoto kutoka utumwani, wakawalea na kuwasomesha. Mtu asiwadharau kwa hilo. Lakini watoto wale walikuwa akina nani? Walikuwa watoto ambao vijiji vyao vilichomwa moto, wazazi wao waliuawa au kuuzwa, na njia ya kurudi kwao ilikuwa safari ya miezi kupitia mikononi mwa wale wale waliowateka. Hawakuwa na bibi aliyeketi umbali wa nauli ya basi. Na hata hivyo mapadre wale hawakuridhika na bweni. Walipokua watoto wale waliozwa, wakapewa nyumba na shamba, na kikawa kijiji cha familia. Yaani hata pale ambapo utumwa ulikuwa umeivunja familia kabisa, walijitahidi kuijenga upya. Wana mapungufu yao, na historia imewapima kwa hayo. Lakini sisi tumerithi jengo, tukasahau sababu ya jengo. Wao walijenga bweni kwa sababu familia ilikuwa imevunjwa na watekaji. Sisi tunaivunja familia kwa barua yenye mhuri ili bweni lisibaki tupu.

Najua wengi wenu mnaamini vitu vinavyopimwa kuliko mahubiri, basi sikilizeni. Nchini Romania, alipoanguka Nicolae Ceausescu mwezi wa Desemba 1989, dunia ilikuta zaidi ya watoto 100,000 katika majumba ya serikali. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 wataalamu walianza mjini Bucharest kuwafuatilia watoto 136 waliolelewa katika majumba hayo. Kwa kura, nusu yao walipelekwa katika familia za malezi, nusu wakaendelea na malezi waliyokuwa nayo. Miaka ilivyokwenda, waliopata familia waliwazidi wenzao katika akili na katika uwezo wa kumpenda na kumwamini mtu, na waliofaidika zaidi ni wale waliohamishwa kabla ya kutimiza miaka miwili hivi. Tofauti haikuwa chakula peke yake. Mtoto anahitaji mtu mmoja anayemjua kwa kilio chake, atakayekuwapo kesho na kesho kutwa. Mlezi wa zamu, hata awe mtakatifu, ana watoto kumi na zamu yake inakwisha saa kumi na mbili. Wahenga walikwisha kusema kwamba kulea mimba si kazi, kazi ni kulea mwana. Na kazi hiyo haifanywi kwa zamu.

Sheria zetu nazo ziko mbele yetu kuliko desturi zetu. Tanzania iliridhia Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Mtoto mwaka 1991. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inampa mtoto haki ya kuishi na wazazi au walezi wake, inaweka utaratibu wa malezi ya kambo na wa kuasili, na hairuhusu mtu kuendesha makao ya watoto bila leseni. Mwaka huo huo wa 2009 Umoja wa Mataifa ulipitisha miongozo kuhusu malezi mbadala. Miongozo hiyo inasema kwamba kumtoa mtoto katika familia kuwe ndiyo hatua ya mwisho kabisa, kwa muda mfupi iwezekanavyo, na kwamba umaskini peke yake usiwe kamwe sababu ya kumtenganisha mtoto na wake. Isomeni sentensi hiyo mara mbili. Umaskini peke yake usiwe kamwe sababu. Bibi aliniomba sare, viatu na unga. Hiyo ilikuwa nini kama si umaskini peke yake?

Jirani zetu wamekwisha kuamka. Kenya, hapo tu ng'ambo ya kizuizi, ilisimamisha usajili wa vituo vipya vya watoto mwezi wa Novemba 2017, na mwaka 2022 ikaanza mkakati wa miaka kumi wa kuwarudisha watoto katika familia na jamii. Rwanda, nchi iliyopata mayatima wengi kupita kiasi baada ya mauaji ya kimbari ya 1994, iliamua mwaka 2012 kuwahamisha watoto kutoka vituoni kwenda katika familia, na familia za kujitolea zinazowapokea wasio na ndugu zinaitwa Malayika Murinzi, yaani Malaika Mlinzi. Na ili mtu asiseme kwamba haya ni mambo ya serikali na wafadhili tu, nchini Uganda tangu mwaka 2016 masista wenyewe, kupitia umoja wa mashirika yao ya kitawa, wamekuwa wakiyageuza makao wanayoyaendesha: wanajifunza kazi ya ustawi wa jamii, wanatafuta ndugu za watoto, wanawarudisha nyumbani na kuwafuatilia. Masista wa Zambia, Malawi na Kenya wamefuata njia hiyo. Ni watawa, hawakuiacha huruma. Wameihamisha kutoka kwenye jengo kwenda kwenye nyumba.

Sasa nijibu hoja zenu, maana nimezisikia barazani na nimezisikia baada ya Misa.

Ya kwanza: "Wapo watoto ambao kweli hawana mtu, na wapo wanaoteswa na ndugu zao wenyewe." Ni kweli kabisa, na mtu asinisikie vibaya. Mtoto anayepigwa, anayenajisiwa, aliyetupwa, huyo aondolewe leo, si kesho, na apelekwe mahali salama. Makao yenye leseni na watu waadilifu yanahitajika kwa ajili hiyo, kama vile wodi inavyohitajika hospitalini. Lakini hakuna anayehamia wodini kwa sababu kwao hakuna unga. Na hata mtoto huyo aliyeokolewa, safari yake iishie katika familia: ya shangazi mwema, ya malezi ya kambo, au ya wanaomwasili.

Ya pili: "Walezi wa vituo wanajitoa maisha yao, Padre anawavunja moyo." Nawajua baadhi yao na ninawaheshimu kuliko ninavyojiheshimu mimi. Hao hao ndio walionieleza faraghani kwamba watoto hulia usiku baada ya mabasi kuondoka. Sikuwauliza zamani, kwa kuwa usiku mimi nilikuwa nimekwisha kurudi nyumbani.

Ya tatu, na hii ndiyo nzito: "Kule angalau anakula na anasoma. Kijijini angekufa njaa." Hapa ndipo penye fundo la mambo yote, nami nitajibu kwa Maandiko. Binti Farao alipomwokota Musa majini alikuwa na kila uwezo wa kumlea katika jumba la baba yake, pamoja na wajakazi na vyakula vyote vya Misri. Dada wa mtoto akajitokeza, akamwita mama yao mzazi. Na binti Farao, mpagani, binti wa mfalme aliyetaka watoto wale wafe, akamkabidhi mama yule mtoto amnyonyeshe, na akaahidi kumlipa mshahara. Mmeona? Alimlipa mama wa mtoto amlee mtoto wake mwenyewe! Fedha ilikwenda pale mtoto alipokuwa na mtu wake. Sisi, waliobatizwa, tumeshindwa kufanya jambo alilolifanya binti Farao. Tunamwambia bibi kwamba fedha ipo, lakini si kwa ajili yake. Ipo mjini, na akiitaka imfikie mjukuu wake sharti kwanza amtoe mjukuu. Kituo kinapata mchele kwa sababu kina watoto. Bibi hapati mchele kwa sababu ana mtoto mmoja tu, na basi letu halisimami kwake. Kwa mwenendo huo njaa ya kijijini haitakwisha kamwe, kwa kuwa sisi wenyewe tunapeleka chakula mbali na mlango wa mwenye njaa.

Nimefungua daftari la michango ya mwaka jana. Kodi ya mabasi, fulana zenye maandishi, chakula cha wasafiri na malipo ya mpiga picha vilizidi thamani ya vitu tulivyowapelekea watoto. Fedha hiyo ingewavika na kuwalisha watoto kadhaa mwaka mzima wakiwa kwao. Ada ya shule ya msingi ya serikali imekwisha kufutwa. Kinachomrudisha mtoto nyumbani ni sare, viatu, daftari na tumbo tupu. Hayo si mambo ya kuwashinda watu wanaoweza kukodi mabasi mawili.

Mwaka 1995, baada ya Sinodi ya Afrika, Papa Yohane Paulo wa Pili alitupatia waraka uliolieleza Kanisa la Afrika kuwa Familia ya Mungu. Tumelitundika neno hilo kwenye mabango, tumelitungia nyimbo. Familia gani hii ambayo mtoto akifiwa anaandikiwa barua ya kwenda kwingine? Mordekai alipomwona Esta, binti wa amu yake, hana baba wala mama, alimchukua akamfanya mwanawe. Yosefu Mtakatifu hakuwa baba mzazi, lakini alimpa mtoto nyumba, kazi na jina. Na majirani zetu Waislamu wanamheshimu Mtume wao ambaye baba yake alifariki kabla hajazaliwa, akafiwa na mama akiwa mdogo, akalelewa na babu yake Abdul Muttalib, kisha na ami yake Abu Talib. Pande zote mbili za mtaa huu tuna mifano, na yote inaonyesha nyumba ya ndugu.

Kwa hiyo, baada ya kushauriana na Halmashauri ya Walei, natamka yafuatayo kwa parokia yetu.

Kwanza, michango yote ya Kwaresima hii ya kuwatembelea yatima itabaki hapa. Kila Jumuiya Ndogo Ndogo itawatambua watoto walio katika eneo lake wanaolelewa na bibi, na wajane, na kaka wakubwa, bila kuuliza dini yao, na itazibeba kaya hizo kwa mwaka mzima: sare, chakula cha shule, paa linalovuja, palizi ya shamba. Maaskofu wa AMECEA walizifanya jumuiya hizi kuwa kipaumbele cha uchungaji tangu mwaka 1976. Hazikuundwa kwa ajili ya kusali rozari na kukusanya zaka peke yake. Hakutakuwa na picha. Atakayepeleka unga na aupeleke jioni, kama jirani.

Pili, ofisi hii haitaandika tena barua ya kumpeleka mtoto kituoni. Barua ya padre si hati ya serikali, na sikuwa na haki ya kuigeuza kuwa hati. Mtoto akiwa hatarini tutakwenda pamoja kwa afisa ustawi wa jamii wa wilaya, na tutahakikisha ukoo umetafutwa huku na ng'ambo.

Tatu, nawaomba wanandoa walio tayari kumpokea mtoto kwa malezi ya kambo wajitokeze. Tutawasindikiza katika utaratibu wote wa sheria, ukaguzi wa nyumba ukiwamo. Wapo kati yenu walioomba mtoto kwa Mungu miaka mingi. Sisemi kwamba kila aliyekosa mtoto sharti alee wa mwingine. Nasema kwamba Papa yule yule, katika waraka wake wa mwaka 1981 kuhusu familia, aliziomba familia za Kikristo zifungue milango kwa watoto wasio na wazazi, na ombi hilo bado linatungoja.

Nne, tunao watoto wa parokia hii walioko vituoni hivi sasa. Tutawatafuta mmoja mmoja. Hatutawarudisha kwa pupa, kwa kuwa kumrudisha mtoto kwenye nyumba isiyoandaliwa ni kumtupa mara ya pili. Tutaandaa nyumba kwanza.

Nami nimeanza na yule niliyemwandikia barua. Nimekwenda kwa afisa ustawi, nimekiri nilichokifanya, na jalada limefunguliwa. Mjomba wa mtoto amepatikana Kwale. Anafanya kazi ya kuvua, na hakujua kabisa kwamba mtoto wa dada yake anaishi kituoni. Alidhani yuko kwa bibi. Bibi ameanza kwenda kumwona kila mwisho wa mwezi, na nauli yake inalipwa na parokia. Hiyo ndiyo safari pekee ya kituoni nitakayoitia sahihi. Mara ya kwanza mtoto alimwimbia tena. Mara ya pili hakuimba, alikaa mbali. Mara ya tatu alikaa karibu naye akamwuliza jina la mama yake. Sijui kama atarudi nyumbani kabla ya mavuno, na afisa amenionya nisiwe na haraka, kwa kuwa haraka yangu ndiyo iliyoleta haya yote. Nitangoja.

Ninyi mliokwisha kulipia basi, nendeni kwa mwenye basi mkadai fedha yenu. Akigoma, mwelezeni aje aniulize mimi. Kisha fedha hiyo pelekeni kwa bibi wa jirani yenu mnayemjua kwa jina. Mkikosa kumjua hata mmoja, hapo ndipo mtubu, maana wapo.

Mungu awabariki, na Yosefu Mtakatifu awaombee walezi wote.

Ni mimi, Paroko wenu.